Samaki Anayezama Mchangani

Nilipokuwa mtoto, kazi yangu kubwa pale nyumbani ilikuwa kubeba maneno. Maji na kuni nilibeba pia, maana kazi hizo hazikumsamehe mtoto yeyote, lakini iliyonipa heshima ilikuwa hiyo ya maneno. Upande mmoja wa uwanja alikaa bibi yangu mzaa mama. Upande wa pili alikaa Shomari, mwanamume aliyetaka kumwoa mama yangu mdogo, Zaina. Mimi nilisimama katikati. Kwetu Kinole, wakati ule wa Mjerumani, mkwe hakumtazama mama mkwe usoni wala hakusemezana naye. Kila neno lao lilipita kwa mtu wa tatu, na mtu huyo nilikuwa mimi, mtoto wa miaka kama minane hivi.

"Siwema," bibi alikuwa akiniambia, "mwambie huyo mtu hapa hatuchimbi kisima. Alime juu juu, udongo usiteremke."

Shomari alikuwa ameshasikia, kwani alikuwa karibu kiasi cha kurushiwa punje ya mahindi. Lakini alisubiri. Nikamgeukia, nikajikohoza kidogo.

"Bibi anasema hapa hatuchimbi kisima. Ulime juu juu."

"Mwambie mama nimesikia."

"Bibi, anasema amesikia."

"Haya."

Ikawa hivyo kutwa. Nilijiona mtu mkubwa sana, na siku ambazo mmoja wao alikuwa ameniudhi niliongeza chumvi kidogo njiani, japo njia yenyewe ilikuwa fupi.

Shomari alikuwa mtu wa pwani, wa kijiji cha wavuvi karibu na Bagamoyo. Alikuja na reli. Wajerumani walipokuwa wakiifikisha reli Morogoro, yeye alikuwa miongoni mwa watu waliobeba na kulaza mataruma, na kambi yao ilipohitaji ndizi alitumwa kupanda mlimani kununua. Mara ya kwanza alinunua akashuka. Mara ya pili alikaa sana akichagua. Safari iliyofuata ndizi zilikuwa zimeshafungwa na bado alikuwa anachagua, na Mama mdogo Zaina, aliyekuwa akimwuzia, hakumharakisha. Reli ilipofika mjini wenzake waliendelea nayo kuelekea bara. Yeye akapanda kwetu na kifurushi chake, akasema amekuja kuposa.

Posa ya kwetu ilikuwa ya jasho. Mwanamume hakumchukua mwanamke akaenda naye kwao. Alikuja yeye, akajenga kibanda ukweni, akamlimia mama mkwe msimu mzima au zaidi, mpaka mama mkwe mwenyewe aridhike. Akiridhika, ndoa ipo. Asiporidhika, mwanamume anafunga mzigo. Shomari alikubali masharti hayo kwa sababu hakuujua mlima. Mtu aliyekulia kwenye mchanga tambarare, umsimamishe kwenye shamba ambalo ukiangusha boga unakwenda kuliomba kwa jirani wa chini! Siku za mwanzo aliteremka kwa makalio mara nyingi kuliko kwa miguu. Sisi watoto tulipanda juu ya jiwe kumtazama, na sikumbuki kama niliwahi kucheka vile tena maishani.

Bibi hakucheka. Si kwamba alichukia kumwona akianguka, maana alijua kuanguka kuna mwisho wake, na kweli kabla ya mahindi kutoa mbelewele Shomari alikuwa amejua kukanyaga. Bibi alimwogopa kwa sababu ya baba yangu. Baba naye alikuwa mtu wa kuja. Alimlimia bibi, akasifiwa, akamwoa mama. Kisha, mama akiwa na mimba ya mdogo wangu Kondo, aliteremka kubeba mizigo ya msafara wa Wazungu, akasema atarudi kabla ya mavuno. Hakurudi, wala hakuna aliyetuambia alifika wapi. Kondo sasa alikuwa na miaka mitano na hakumjua baba yake.

"Binti mmoja nimeshamtoa kwa mtu wa kuteremka," bibi alikuwa akisema, na hilo hakunituma nilipeleke popote. "Wa pili simtoi kwa namna hiyo."

Kwa hiyo katika nyumba yetu mwaka ule swali lilikuwa moja tu. Mama mdogo Zaina alilala nalo na kuamka nalo. Kila mama yake alipofungua kinywa alinyanyua kichwa, akidhani sasa neno linatoka, na bibi akasema tu kwamba mbuzi wamefunguka.

Siku moja watu waliotoka mjini walimletea Shomari pakacha. Dada yake alikuwa amelipakia kwenye treni kwa mkono wa mtu anayemfahamu. Ndani mlikuwa na samaki wadogo, wembamba, urefu wa kidole, midomo yao imechongoka, wamekaushwa kwa chumvi na jua na kutungwa machoni kwenye ukuti. Kwao wana jina lao, nami nimelisahau. Sisi tuliwaita samaki wa mchangani. Shomari alipolifungua pakacha alifumba macho akavuta harufu, kisha akaivuta tena. Nilikuwa sijawahi kufikiri kwamba mtu mzima anaweza kukumbuka kwao kwa pua.

Jua lilikuwa linakaribia kuzama na sufuria bado haijainjikwa. Aliwaweka samaki kwenye ungo, akaniita niupeleke kwa bibi.

"Mwambie mama huyu ndiye samaki tuliyelelewa naye. Anakaa maji mafupi, penye mchanga, pale ambapo hata mtoto anasimama. Si wa kilindini."

Nikaupeleka ungo na maneno yake. Bibi akachukua mmoja, akamgeuzageuza.

"Mwulize anashikwaje."

"Kwa wavu wa kukokota," Shomari akasema, na sauti yake ikachangamka kuliko siku zote, mpaka akasahau kunisubiri. "Lakini huyu mjanja. Wavu ukimkaribia hakimbii kama wengine. Anachoma kichwa mchangani, anazama mwili mzima, wavu unapita juu yake. Wenzake wote wanaingia, yeye yuko chini kimya. Sasa, ukitaka kumpata..."

"Basi," bibi akasema, akamrudisha samaki kwenye ungo. "Imetosha."

Nikageuka kulipeleka neno hilo, nikaona limeshafika.

Lazima nieleze hapa jambo ambalo wajukuu zangu hunicheka nikiliongea. Nyumbani kwetu tuliamini kwamba anayekula kiumbe hula na tabia yake. Watoto hatukupewa ulimi wa mbuzi tusije tukawa wabishi. Mwindaji hakugusa nyama ya kobe, miguu isije ikawa mizito. Na bibi, akiwa amesikia nusu ya habari ya samaki yule, aliipima nusu hiyo na akapata jibu alilokuwa akilitafuta tangu Shomari aweke kifurushi chake chini.

"Mnaona?" alituambia jikoni, mama, Mama mdogo Zaina na mimi. "Mtu amekuzwa na samaki huyo tangu hana meno. Siku wavu ukija atazama, awaache wenzake ndani. Hamtamwona tena. Na katika nyumba hii asile mtu."

"Mama," Mama mdogo Zaina akasema, "samaki ni kitoweo tu."

"Kitoweo tu! Na baba yake Siwema alikuwa msafiri tu."

Wavu aliousema tuliujua wote. Mle milimani Wajerumani walikuwa wakichimba ulanga, yale mawe yanayobanduka vipande vyembamba vinavyong'aa, na ulanga ulihitaji vichwa vya kuubebea mpaka kwenye reli. Watu hawakwenda kwa hiari. Kwa hiyo akida alituma askari wake, wakaja kijijini bila kupiga hodi, wakaondoka na wanaume waliowakuta. Wengine walirudi baada ya muda. Wengine walirudi na makovu ya kiboko mgongoni. Kila nyumba ilikuwa na mahali pake pa kukimbilia.

Sisi tulitii katazo la samaki. Mimi nilitii bila shida, kwa sababu macho ya samaki wale waliokauka hayakunipendeza. Lakini Kondo alikuwa mwanamume, na kwa desturi alikula na mwanamume, yaani Shomari, kwenye sahani moja kibandani kwake. Mama mdogo Zaina aliwapika samaki wale na majani ya maboga na karanga, akampelekea mchumba wake kimyakimya. Bibi alipomwita Kondo aje anawe, mtoto alikuja na mkia umechungulia pembeni mwa mdomo.

Bibi alimsukutua kwa maji, akamsukutua tena, akamkagua kama mtu anayekagua mtoto aliyemeza kishikizo. Halafu akamwachia.

"Ameshamla," akasema. "Siku ikifika tutaona."

Siku ilifika mahindi yakiwa yamekauka shambani. Asubuhi tulikuwa kwenye migomba, tukikusanya majani makavu, mara tukamsikia mtu wa bondeni akifukuza nyani kwa kelele nyingi. Hiyo ndiyo ilikuwa alama yetu. Mashamba ya bondeni yalikuwa yameshavunwa yote. Ukimsikia mtu anafukuza nyani kwenye shamba tupu, unajua askari wanapanda.

Wanaume walitawanyika kabla nyani wa uongo hawajamaliza kufukuzwa. Mama alinishika mkono tukaingia kwenye vichaka juu ya shamba. Bibi alibaki uwanjani, kwa kuwa mtu wa umri wake hakutafutwa, na mtu fulani lazima abaki kusema kwamba hajui. Nilimwona kupitia majani akiwa amekaa kwenye kigoda anatwanga tumbaku yake, na askari wanne wamemzunguka. Waliingia ndani, wakatoka. Waliingia kibandani kwa Shomari, wakatoka. Walikunywa maji, wakakamata kuku wetu wawili, wakaendelea na njia. Kwenye nyumba za juu waliwapata wanaume watatu. Jua lilipofika kichwani walikuwa wameshashuka upande wa pili.

Tukatoka. Wanaume nao wakaanza kuteremka mmoja mmoja kutoka msituni, wakikung'uta nguo na kutaniana, kama ilivyo desturi ya watu walioogopa sana.

Shomari hakutokea.

Kisha mama akauliza, "Kondo yuko wapi?"

Mama alidhani mtoto yuko na Mama mdogo Zaina. Mama mdogo Zaina alidhani tuko naye sisi. Bibi alidhani amekwenda na mmoja wetu. Nakumbuka jinsi wanawake hao watatu walivyotazamana, na jinsi mama alivyoanza kukimbia kabla hajajua anakimbilia wapi.

Tulimtafuta. Majirani wote waliacha shughuli zao. Walikwenda mtoni, wakapekua vichaka, wakachungulia kwenye maghala. "Kondo! Kondo wee!" Mlima mzima uliitika jina lake isipokuwa yeye. Mama alikuwa ameshapotewa na sauti na bado anaita. Jua likaanza kuinama, na kila mtu alifikiria chui bila kumtaja.

Bibi alikaa chini katikati ya migomba. Ndiyo mara ya kwanza nilimwona akikaa chini bila kigoda.

"Nilisema," akasema, wala si kwa ushindi. "Waliokula ni wawili, waliozama ni wawili."

Mama mdogo Zaina alikuwa anatazama njia iteremkayo kwenda Morogoro. Hakulia. Alikuwa anaitazama tu njia ile, na hata mimi mtoto nilielewa kwamba anamtazama mtu ambaye hayupo, na nikataka kumwambia neno lakini sikuwa na neno langu mwenyewe. Nilizoea kubeba ya wengine.

Basi Shomari akatokea. Hakutokea kwa njia iteremkayo. Alitokea kwenye mfereji ulio chini ya shamba letu, ametapakaa tope kuanzia utosini, huku jani moja limemgandia shavuni. Alikuwa amelala mle tangu asubuhi, chini ya mizizi iliyofunika ukingo, na askari walipita juu yake.

"Ulikuwa wapi?" Mama mdogo Zaina akamrukia, akampiga ngumi ya kifua. "Ulikuwa wapi wewe!"

"Si nimejificha? Kama wote," akasema. "Nikasikia kelele, nikajua askari bado wapo. Kuna nini?"

Tukamwambia. Alisikiliza, lakini kusikiliza kwenyewe kulikuwa kugumu, maana watu walikuwa wanaita kila upande, na bibi alikuwa amesimama tena na kuita kuwashinda wote. Sauti ya bibi ilikuwa maarufu; ilifika mpaka ng'ambo ya bonde. Shomari alijaribu kusema, haikusikika. Akajaribu tena. Ndipo akamsogelea bibi, akamtazama usoni, macho kwa macho, akasema kwa nguvu:

"Nyamaza, mama! Nyamazeni wote!"

Nyote mnaosoma haya na mnaokula meza moja na wakwe zenu, sijui niwaelezeje. Palikuwa kimya mara moja, lakini hakikuwa kimya cha kutii. Kilikuwa cha watu walioona nyumba ikianguka. Jirani mmoja alifunika uso kwa kaniki yake. Mimi, ambaye neno lile lilitakiwa lipite kwangu, nilibaki nimeachama.

Shomari mwenyewe hakujua bado alichofanya. Alikuwa anatazama ardhi.

"Samaki yule," akasema taratibu, "ukipiga kelele anazidi kwenda chini. Kwetu tukitaka kumpata, tunasimama majini kimya mpaka mchanga utulie. Halafu tunatembea bila kunyanyua miguu. Unamsikia kwa unyayo. Mtoto alikuwa wapi mara ya mwisho?"

"Hapa," nikasema. "Kwenye migomba."

"Kaeni chini. Asiseme mtu."

Watu wakakaa. Sijui kama walikaa kwa kumwamini au kwa mshangao. Alianza pembeni mwa shamba, akiburuza nyayo zake polepole chini ya majani makavu, mguu mmoja, akasikiliza, mguu wa pili. Chini ya migomba yetu majani yalikuwa yamerundikana kwa miaka. Nilisikia yakichakacha, kisha ndege, kisha mto kule chini. Mama alikuwa ameuma ncha ya nguo yake. Shomari akapita, akarudi, akapita mstari mwingine, bila haraka kabisa, mpaka nikatamani kumsukuma.

Akasimama. Akainama, akaanza kutoa majani kwa mikono miwili.

Palikuwa na shimo la zamani la kuvundikia ndizi, lililoachwa tangu mimi sijazaliwa, likajaa majani mpaka likawa sawa na ardhi. Wakubwa walilisahau na sisi watoto hatukulijua. Mle ndani alikuwa Kondo, amejikunja, amejifunika, jasho linamtoka, macho yamefumbuka wazi. Tulikuwa tumesimama juu yake nusu ya siku tukimwita.

"Wameondoka?" akauliza.

"Nani?"

"Askari. Wanapiga kelele sana. Wanalijua jina langu."

Mama alimchukua mikononi, na kilio alichokuwa amekizuia kikamtoka chote. Watu wakacheka, wakalia, wakambeba Kondo begani kama aliyerudi vitani, naye akaomba ndizi. Mimi nilikuwa namtazama Shomari. Furaha ilikuwa imempita usoni, na nyuma yake nikaona akikumbuka. Alijua sasa. Aliinamisha kichwa, akapiga magoti palepale kwenye majani, akatazama pembeni.

Bibi akafunga kaniki yake upya, akakaa sawasawa.

"Siwema."

"Abee."

"Mwambie huyo mtu amenivunjia heshima. Amenitazama usoni na kuniambia ninyamaze, mbele ya watu."

Nikaenda. Safari hii sikuongeza chumvi. "Bibi anasema umemvunjia heshima. Umemtazama usoni na kumwambia anyamaze, mbele ya watu."

"Mwambie mama ni kweli, nimekosa," akasema kwa sauti ndogo. "Nitafunga mzigo wangu."

"Bibi, anasema ni kweli, amekosa. Atafunga mzigo wake."

"Mwulize nani amemwambia afunge mzigo," bibi akasema. "Mwambie nataka kuku jike. Asiwe mgonjwa."

Niliupeleka ujumbe huo bila kuuelewa, na kabla sijaumaliza jirani yetu yule aliyekuwa amejifunika uso akapiga kigelegele. Wengine wakampokea. Mama mdogo Zaina akaanza kuokota majani yaliyotawanyika, huku akicheka. Nilidhani bibi amemwadhibu Shomari, na sikuona kwa nini watu wanashangilia kuku. Mama ndiye aliyenieleza usiku huo kwamba mpita njia akikutukana unamfukuza, yamekwisha. Kuku wa kuvunja heshima hudaiwa mtu mmoja tu, naye ni mume wa binti yako.

Shomari alikuwa bado amepiga magoti, anatuangalia mmoja baada ya mwingine, kwa sababu huko kwao hakuna desturi hiyo.

"Na mwambie amalize ile habari ya samaki," bibi akaongeza. "Wavu ukishapita, anakwenda wapi?"

Nikamwuliza.

"Haendi popote," Shomari akasema. "Anatoka palepale alipozama."

Bibi alimpangusa Kondo majani kichwani. Kisha akaagiza pakacha liletwe, na jioni hiyo tulikula wote samaki wa mchangani, hata mimi na kinyaa changu cha macho. Bibi alikula wawili na kusema chumvi imezidi.

Waliishi vizuri. Shomari alipata watoto watatu pale pale, akajua kulima kuliko wengi waliozaliwa mlimani, ingawa hakuacha kuulalamikia ubaridi. Halafu vita vikaja, vya Mjerumani na Mwingereza, na safari hii wavu ulikuwa mkubwa. Mizigo ya askari ilihitaji wapagazi wasiohesabika. Shomari alikamatwa njiani akitoka mjini kuuza ndizi, akapelekwa wapi, hakuna aliyejua.

Nilikuwa binti mkubwa sasa, na nilitegemea bibi aseme tena kwamba alisema. Hakusema. Wanawake walipokuja kumpa pole Mama mdogo Zaina, bibi aliwapokea vizuri, akawapa uji, kisha akawakataza kulia.

"Hajafa," aliwaambia. "Amezama."

Akatukataza kuliita jina lake uwanjani. Akatukataza kusimama njiani kutazama chini. Shamba la Shomari lililimwa, kibanda chake kilifagiliwa. Siku moja Mama mdogo Zaina alichoka, akamwambia, "Mama, mtu si samaki." Bibi hakukasirika. Alimvuta karibu, akamlaza kichwa mapajani mwake kama mtoto mchanga, akaendelea kuchambua maharage juu ya kichwa hicho.

Shomari alirudi mchana mmoja, tukipukuchua mahindi. Bibi ndiye aliyemwona kwanza, mtu mwembamba mno akipanda kwa fimbo. Mama mdogo Zaina alifumbua kinywa apige kelele, na bibi akamshika nguo, akamkalisha. Tukakaa kimya, mikono imesimama juu ya mahindi, mpaka alipofika uwanjani, akaegemeza fimbo yake ukutani.

"Shikamoo, mama," akasema.

"Marahaba," bibi akajibu yeye mwenyewe. "Kaa. Umekonda."

Wote tulicheka na kulia. Mama yangu alicheka pamoja nasi, akamkumbatia Shomari, akaingia ndani. Baada ya muda bibi naye akainuka akamfuata. Tulimsikia akisema naye taratibu kwa muda mrefu, na tulimsikia mama akilia, na walipotoka walikuwa wameshikana mikono, wakakaa, tukala.

Leo nimepita umri aliokuwa nao bibi siku ile. Nikisimulia habari hizi vijana huniuliza kama ninaamini kwamba samaki anaweza kumfundisha mtoto kujificha. Siamini, wala sikatai sana. Nilichokiona ni mwanamke asiyekuwa na uwezo wowote juu ya akida, juu ya askari wala juu ya vita, ambaye alipata kisamaki kimoja cha kushikilia. Kwanza alikishika ili kumkataa mtu, baadaye akakishika ili kumngoja, na kumngoja kulikuwa kugumu zaidi. Ningependa kujua alimwambia mama nini ndani mle. Baba yangu hakurudi. Lakini tangu siku ile mama alifagia kila asubuhi mahali palipokuwa pamesimama kibanda cha baba, kama kilivyofagiliwa cha Shomari, na alifagia bila huzuni, na mpaka anafariki hapakuota jani.